Vyumba Vinne vya Haruo

Siku ya ishirini na moja sasa, na Haruo bado ana neno moja tu. Mwulize unataka maji, atasema hai. Haya, hutaki maji? Hai. Kwao Japani hilo ndilo ndiyo yao, na mtu anayesema ndiyo kwa kila kitu, jamani, ana tofauti gani na mtu asiyejibu kabisa? Damu iliganda kichwani, upande wa kulia wote ukalala: mguu, mkono, mpaka kona ya mdomo. Na mkono wa kulia ndio uliokuwa unachora manga, zile hadithi za picha za Kijapani. Ndio uliokuwa unalisha nyumba, ingawa shemeji yake Lucien alikuwa na msemo wake kwamba nyumba ile inalishwa na mgongo wa Kasoki, si kalamu ya mtu.

Jumatatu hiyo waliitwa hospitalini, kule Woluwe, mtaa wa Brussels, saa nne asubuhi. Kasoki, mke wake, alitoka moja kwa moja kazini kwake, nyumba ya wazee iliyo vituo viwili vya metro kutoka pale, bado amevaa blauzi nyeupe ya kazi. Mlangoni msichana mmoja wa zamu akamwambia kwa Kifaransa, tena kwa upole kabisa, kwamba mgonjwa huyu ameshaogeshwa, aende tu chumba kinachofuata. Kasoki akasema, mimi ni mke wake. Msichana akaiva uso mpaka masikio, akaomba msamaha mara tatu. Kasoki akasema haina neno. Ilikuwa mara ya nne tangu Haruo alale pale, na mara zote nne alisema haina neno.

Ndani walikuwa wameshakaa. Fumie, dada yake Haruo, bibi wa miaka sabini na moja aliyefika Jumamosi kutoka mji mdogo wa pwani huko kaskazini mwa Japani, mkoba juu ya magoti. Lucien, kaka yake Kasoki, mwenye duka la nywele na simu pale Porte de Namur, ambaye alikuja kwa sababu mambo kama haya kwao Butembo, kule Kongo, mwanamke haamui peke yake, na pia kwa sababu anaamini hakuna ofisi Ubelgiji inayomshinda kuongea. Na mama wa huduma za jamii, miwani yake imening'inia kifuani.

Yule mama alieleza taratibu, kama mtu anayepanga vikombe. Mazoezi ya Haruo yanaisha Ijumaa ya wiki hii. Nyumba yao ya Molenbeek iko ghorofa ya tatu na haina lifti, na Haruo hawezi ngazi hata mbili. Anahitaji mtu mchana kutwa. Nyumba za wazee zina orodha ya kusubiri, labda miezi minane, labda zaidi. Njia ya pili ni dada yake: nyumba ya wazazi iko chini, haina ngazi, na ng'ambo ya barabara kuna kituo cha kutunza wagonjwa ambacho kimekubali kumpokea. Ndege ya Fumie ni Jumapili. Bora kuliko yote, akasema, ni Haruo mwenyewe achague. Wote wakamgeukia kitandani.

Hai, akasema Haruo.

Fumie akatoa simu, akaiongelesha Kijapani, simu ikatoa Kifaransa kwa ile sauti ya kutangaza treni. "Sikuja kumchukua. Nimekuja kumwuliza. Akitaka kubaki, nitarudi peke yangu na nitashukuru."

Kasoki akaitikia kwa kichwa. Hakujua aangalie simu au amwangalie bibi.

Huko nje kwenye korido Lucien alimvuta pembeni, karibu na mashine ya kahawa. "Kasoki, usikasirike. Huyu muntu alituleteaka mbuzi za karatasi. Donc, mbuzi za karatasi hazizalake. Na hazibebake muzee ku escalier, ngazi zote zile."

Hizo mbuzi ni habari ya miaka ishirini na mbili. Wazee wa Butembo walidai mbuzi kumi na wawili wa mahari, Haruo akalipa thamani yao yote, taslimu, ila juu yake akachora mbuzi kumi na wawili kwenye karatasi ndefu, kila mbuzi na sura yake, mmoja anapiga chafya, mmoja anafanana na baba mkwe kabisa. Wazee walicheka mpaka machozi, wakaibandika ukutani. Sasa ukoo mzima unakumbuka karatasi. Pesa hakuna anayezikumbuka.

"Mbuzi alilipaka, yaya," akasema Kasoki; kwao yaya ni kaka mkubwa.

"Alilipa, mi sisemi hakulipa. Nasema wee utamubeba na nini?"

Kasoki akajishika kiunoni. Mgongo wake wenyewe ulikuwa na mkanda chini ya ile blauzi nyeupe.

*

Nyumbani, nyuma ya kituo cha Étangs Noirs, meza ya Haruo ilikuwa vilevile alivyoiacha. Kichupa cha wino. Kalamu za kuchovya, kumi na moja, zimelala kwa urefu. Rula yenye senti moja iliyogandishwa chini yake ili wino usipenye. Pale ndipo alipoangukia, asubuhi ya Jumanne.

Ebu ujue alikuwa anachora nini kwanza. Si mapanga, si majitu yenye macho ya moto. Haruo alichora watu wadogo wadogo: mama anayeuza beignet, maandazi ya kwao, nje ya kanisa, dereva wa tram anayeogopa kustaafu, bibi wa nyumba ya wazee anayeficha sukari kwenye soksi. Wote hao aliletewa na Kasoki, jioni, huku Kasoki anamenya viazi na kulalamika kazi. Haruo anasikiliza tu, mmm, mmm, kisha baada ya miezi yule bibi anatokea kwenye karatasi, amegeuka mgongo, na mgongo huo unaongea kuliko mdomo. Nusu ya picha zake hazikuwa na neno hata moja. Kiswahili alijifunzia jikoni, kwa hiyo kila kipande cha picha alikiita chumba. "Hii chumba ya kimya," angemwambia binti yake Abigaël. "Mutu anaingia, anapumua kwanza."

Kwao hadithi ya picha huanzia kulia kwenda kushoto, kitabu chenyewe kinafunguliwa upande ambao sisi tungesema ni mwisho. Lakini miaka kumi na minne iliyopita, mchapishaji wa hapa Brussels alipomkubali, alimwekea sharti moja: vitabu viende kama vya hapa, kutoka kushoto. Haruo alibishana mwezi mzima, akashindwa, akatii. Na kwenye kurasa hizo zinazoanzia kushoto ndipo Kasoki alipojifunza kazi. Haruo anaweka alama ya x kwa penseli pale panapotakiwa weusi, Kasoki anajaza kwa brashi, Abigaël anafuta penseli. Nywele, mapaa, miavuli ya mvua, weusi wote wa vitabu vile ni mkono wa Kasoki. Kwenye kitabu cha tatu Haruo aliandika nyuma kwa herufi ndogo: weusi, Kasoki. Kasoki alinunua nakala moja ya ziada akaitia kwenye sanduku lenye vyeti.

Na kulikuwa na sheria moja ya nyumba. Haruo akiwa kwenye penseli, hakuna kuangalia. Hata mtoto, hata mgeni. Unageuka dirishani, unakaa hivyo, mpaka agonge meza mara mbili. Hapo unaruhusiwa.

Sasa hiki ambacho Kasoki hakumwambia mtu, wala padri. Jumamosi, siku tatu kabla ya kuanguka, barua ya mchapishaji ilikuwa imekuja: kitabu kipya hawakitaki. Haruo akakaa siku mbili anachora mvua. Mvua tu, mstari kwa mstari, na rula. Jumatatu jioni Kasoki alirudi kutoka kazini mgongo unawaka, akakuta vyombo vimejaa kwenye sinki, akasimama mlangoni bado na koti. "Mwanaume muzima, siku mbili unachora mvua. Si ungebakiaka tu kwenu?"

Haruo alifunga kichupa cha wino. Akainuka, akaosha vyombo, kimoja kimoja, akavifuta, akavipanga. Kesho yake akaanguka. Maneno ya mwisho aliyoyasikia akiwa mzima yalikuwa hayo.

Abigaël alikuwa na miaka ishirini, mwaka wa pili wa ualimu. Jumatatu ile ya kuitwa hospitalini, jioni, alisema lake: ataacha masomo mwaka mmoja, amtunze baba yake yeye mwenyewe, na ngazi watapanda hivyohivyo, kwa mgongo, mwezi mara moja. Kasoki akasema hapana. Abigaël akasema alors nani? Kasoki akasema hapana tena, papa yako hakuchora miaka yote ile juu wewe uache masomo. Wakala ugali wao bila kuangaliana. Kiti cha tatu kilikuwa na blanketi za hospitali zilizofuliwa, maana Haruo alikuwa hapendi shuka za pale.

*

Jumatano mchana Kasoki alikwenda Woluwe peke yake. Alikuwa na daftari kubwa la kuchorea na penseli laini, zile za Haruo mwenyewe. Kuandika kulishakufa, walimjaribu, herufi zilitoka kama majani. Lakini mwalimu wake wa mazoezi alisema mara nyingine kuandika kunakufa na kuchora kunabaki, ni vyumba tofauti kichwani. Kasoki alilikumbuka hilo neno vyumba.

Akafunga mlango. Akasogeza meza ya kitanda, akaweka karatasi kwa upana, akamshikisha penseli mkono wa kushoto, akamkunjia vidole kimoja kimoja.

"Haruo. Wee unataka kuishi wapi? Usiseme. Chora."

Haruo aliiangalia karatasi muda mrefu. Kasoki akaona anasubiri. Akaelewa. Akainuka, akaenda dirishani, akampa mgongo, kama sheria inavyosema.

Alisimama pale dakika arobaini. Chini watu walikuwa wanaingia metro ya Alma, wanatoka, mmoja anakimbiza kofia. Nyuma yake alisikia penseli inakwaruza, inaacha, inakwaruza. Mara mbili ilianguka na mara mbili alitaka kugeuka, hakugeuka, alisikia tu mkono unavyoitafuta kwenye shuka. Halafu meza ikagongwa. Mara mbili.

Vyumba vinne, kwa mstari mmoja. Mistari inatetemeka kama ya mtoto wa chekechea, lakini vyumba ni vinne na mtu ni yuleyule, upara na fimbo. Kasoki akaanza kushoto, kama alivyoanza kwenye kila ukurasa aliowahi kuujaza weusi. Chumba cha kwanza: mlango wao wa ghorofa ya tatu, mkeka, jozi tatu za viatu, sufuria inafuka. Cha pili: metro, mtu amekaa, fimbo katikati ya magoti. Cha tatu: ndege, imepinda, pua yake imeelekea kushoto kama inarudi kinyumenyume, lakini mkono wa kushoto wa mgonjwa, mtu angedai nini zaidi. Cha nne: nyumba fupi, na mti wenye matunda ya duara. Ule mti Kasoki aliujua. Haruo aliuchora kila Mwaka Mpya kwenye kadi, mti wa kwao, na kila mwaka alieleza kwamba matunda yake yanakuwa matamu baada ya baridi kali.

Mlango, metro, ndege, mti. Nini tena?

"Kwenu," akasema Kasoki. "Unataka kwenu."

Hai, akasema Haruo, na machozi yakamtoka upande mmoja. Akaburuta mkono wa kushoto juu ya karatasi mpaka kwenye viatu. Akagonga pale kwa kidole, mara mbili. Kasoki akadhani anamwonyesha pa kuanzia.

"Nimeelewa," akasema. "Nimeelewa, usijichokeshe."

Akagonga tena. Kasoki akaushika ule mkono, akaulaza kwenye shuka, akaufunika. Masikioni mwake alikuwa anasikia sauti yake mwenyewe kutoka mlangoni, na koti mwilini. Si ungebakiaka tu kwenu. Bon. Amejibu. Alikunja karatasi mara nne, akaitia kwenye mfuko wa blauzi, akamchana Haruo zile nywele chache za pembeni, akatoka kabla uso wake haujaharibika.

*

"Papa yako amesema mwenyewe," alimwambia Abigaël jikoni. "Anaenda na shangazi."

"Papa hasemake, maman. Amesema namna gani?"

"Alichora."

"Nionyeshe."

"Hapana."

"Juu ya nini hapana? Nionyeshe tu."

"Ni mambo ya bibi na bwana," akasema Kasoki, na akafungua bomba kwa nguvu ili mazungumzo yaishe.

Abigaël hakuongea naye mpaka Ijumaa. Na huyu, sikiliza, huyu ni mtoto aliyejifunza kusoma kwenye vitabu alivyotumiwa na shangazi Fumie kila Noeli, vya Kijapani vyenyewe, vinavyofunguliwa kulia. Darasa la kwanza mwalimu alimwita mzazi kuuliza kwa nini mtoto huyu anafungua kila kitabu kutoka nyuma. Kasoki alikwenda, akacheka, akasema ni baba yake. Lakini siku ile jikoni hakulikumbuka hilo. Alikumbuka aibu tu. Ungemwonyeshaje mtoto karatasi inayosema baba yake anakukimbia wewe?

Fumie naye aliuliza, kupitia simu, kwenye mkahawa wa hospitali. Amesema mwenyewe? Kasoki akasema ndiyo, amechora. Bibi akashika kikombe kwa mikono miwili, kama mtu aliyeandaa nyumba kwa ajili ya mgeni na moyoni alijua mgeni hatakuja. Kisha akaomba, kama haitakuwa taabu, aione hiyo karatasi. Kasoki akasema imebaki nyumbani. Ilikuwa mfukoni mwake, alikuwa anaigusa. Fumie akainama mpaka paji la uso likakaribia meza.

Jumapili, uwanja wa ndege wa Zaventem. Lucien ndiye aliyembeba Haruo kutoka kwenye gari mpaka kwenye kiti cha magurudumu, peke yake, akakataa kusaidiwa. Likizo za Kasoki zilikuwa zimeisha zote kwa siku za hospitali. Mpango ulikuwa yeye na Abigaël waende Agosti. Walipofika pale pa kuachana, Haruo alishika mkanda wa begi la Abigaël. Hai, akasema, hai, hai, na mkono hauachii. Alikuwa analia mdomo wazi. Wauguzi walishawaambia, wagonjwa wa namna hii kilio kinawajia chenyewe kama kwikwi, si lazima kiwe huzuni, msikichukulie sana. Basi hawakukichukulia. Abigaël akamfungua vidole kimoja kimoja, taratibu, anamwambia Agosti, papa, Agosti.

"Beau-frère, shemeji, safari muzuri," akasema Lucien, akamnyooshea kola. Kisha akaenda kusimama nyuma ya nguzo, akawa anaangalia tangazo la saa kwa muda mrefu sana kwa mtu asiyenunua saa.

*

Jumapili kwa Jumapili Fumie alipiga video. Haruo yuko kwenye kiti, kavalishwa sweta safi, nyuma yake dirisha na ule mti, bado hauna majani. Kasoki alikuwa anasema mti wako huo, umeuona? Haruo haangalii mti. Anaangalia skrini, anaikaribia mpaka inabaki jicho na shavu tu. Mwezi wa tatu tangu aondoke akaacha kula vizuri. Mwezi wa nne tangu aondoke, Alhamisi moja ya Mei, Fumie alipiga siku ambayo si yake, na Kasoki alijua kabla simu haijatafsiri kitu.

Walimchoma kwao, majivu yakazikwa kwao. Huku Molenbeek kilio kikawekwa bila mwili, Jumamosi mchana, sebuleni. Picha ya Haruo juu ya meza yake ya kazi, kichupa cha wino pembeni. Viti viliazimwa parokiani. Viatu vilijaa ngazini mpaka ghorofa ya pili, maana nyumba ile hakuna aliyeingia na viatu, hata msiba hautengui. Watu waliimba, wakala, wakaanza kuongea, na msiba ukifika kwenye kuongea ndipo unapoanza kuuma.

Rolande ni mama wa kwaya, sauti ya pili, na hajui kunong'ona. "Mi sihukumu muntu," alikuwa anamwambia jirani yake, sahani mapajani. "Lakini kwetu, bwana akigonjwa hatumurudishake ku bandugu yake kama colis ya posta."

Chumba kizima kikasikia. Watu wakaangalia vikombe vyao. Lucien akaanza kukusanya sahani, maana yeye ndiye aliyemwuliza Kasoki, kule korido ya hospitali, atambeba na nini.

Kasoki akainuka, akaingia chumbani, akarudi na karatasi iliyokunjwa mara nne. Imelegea kwenye mikunjo kama noti ya zamani. Hakumpa Rolande. Alimpa binti yake.

"Soma," akasema. "Basikie. Njo yeye, ni yeye mwenyewe alichagua."

Abigaël aliikunjua kwenye magoti. Miezi minne alikuwa anaiomba, baadaye akaacha kuiomba. Jicho lake likaanzia kulia, kama lilivyozoea tangu utotoni, halikuulizwa. Mti wa kwao, na mtu mwenye fimbo anatoka chini yake. Ndege, pua inaelekea kule inakokwenda. Metro. Mlango wao. Mkeka, sufuria inafuka, na jozi tatu za viatu. Tatu. Ya tatu kubwa, imegeuzwa visigino kwa ndani, namna yeye peke yake alivyogeuza viatu vyake akifika nyumbani. Mtu aliyeondoka haachi viatu mlangoni. Na hiki ndicho kilikuwa chumba cha mwisho, cha kimya, kile cha kuingia na kupumua.

Akainua macho. Mama yake amesimama katikati ya watu, mikono ndani ya kitenge, amekonda miezi hii minne mpaka pete inazunguka. Uso wake hauombi kitu kikubwa. Unaomba watu wasikie.

Kidole cha Abigaël kilikuwa kimeshatua kwenye mti. Akakiinua, akakipeleka ng'ambo ya pili.

"Hapa ni nyumba yetu," akasema. "Anatoka. Hapa iko mu metro." Kidole kikasogea. "Hapa, ndege. Na hapa... hapa amefika kwao. Ku muti yake."

"Aa," akasema Rolande. "Kumbe njo yeye. Pole, maman Kasoki. Kinywa yangu, Mungu anisamehe." Na alimaanisha, akaja kumkumbatia, akalia kuliko wote. Karatasi ikazunguka. Watu walisema mkono wa mgonjwa huo, tazama, na bado viatu vinajulikana kuwa viatu. Lucien akaishika muda mrefu, akasema waipige picha wamtumie na Fumie, naye aone ndugu yake alivyoamua. Abigaël akaichukua mikononi mwake haraka kidogo. Akasema simu yake imezima, atatuma kesho. Simu ilikuwa mfukoni inatetemeka, ujumbe wa pole unaingia juu ya mwingine.

*

Saa kumi na mbili watu walikuwa wameshuka, jua la Mei bado limejaa jikoni. Kasoki anaosha, Abigaël anafuta. Vikombe vya parokia, vinafanana vyote, vina ufa uleule kwenye sikio.

"Kidole yako ilianzaka ku muti," akasema Kasoki. Hakugeuka.

Abigaël akaendelea kufuta kikombe ambacho kilishakauka.

"Niliiona. Ilianza ku muti, kisha ukaitosha, ukaipeleka kule ku mulango."

"Maman, nilikosea tu."

"Haujakoseaka kusoma mambo ya papa yako. Hata siku moja."

Alifunga bomba. Akafuta mikono, upande na upande, akaenda kwenye meza ya Haruo, akaikunjua karatasi chini ya picha yake. Akaweka kidole kwenye mti. Alikwenda polepole, kama alivyokuwa anajaza weusi, bila kutoka nje ya mstari. Mti. Ndege. Metro. Abigaël alikuwa mlangoni na kitambaa mkononi na hakuthubutu kusogea. Kidole kikafika kwenye mkeka, kikapita jozi ya kwanza, kikapita ya pili, kikasimama kwenye ile kubwa.

"Alinigongea hapa," akasema Kasoki. "Mara mbili. Mi nikamwambia nimeelewa."